Macalder: Mboga Mbichi Katika Mji wa Dhahabu



Wasomaji wetu wapenzi, sisi watu wa Pwani tukitaja upande wa Ziwa Victoria hutaja Kisumu. Tukizidi kidogo hufika Kendu Bay, ambako Uislamu umekita mizizi kando ya maji kwa vizazi kadhaa. Macalder hatuitaji. Hata hivyo mna Waislamu huko, mna majiko yanayowaka, na mna akina mama wanaotafakari kila siku watawalisha nini watoto wao. Tulialikwa kwa mawaidha ya siku nne, nasi tulifuatana na mama watoto wetu. Twapenda kuwasimulia tuliyoyaona, na hasa chakula kimoja tulichokila huko, kwa kuwa ndani yake mna funzo ambalo kila nyumba yalihitaji.

Njia ni ndefu. Ukitoka Nairobi hupita Narok, ukaingia Kisii yenye migomba na chai, ukateremka Rongo na Awendo katikati ya mashamba ya miwa, hata ukafika mji wa Migori. Hapo barabara kuu huendelea kusini mpaka Isebania, kwenye mpaka wa Tanzania. Sisi tuliiacha tukashika njia ya magharibi, upande wa ziwa. Kadiri tulivyokwenda nchi ilizidi kushuka na joto likazidi kupanda. Miwa ikaisha, ikaja miti ya miiba, mikwaju, na makonde ya mtama na mihogo. Karibu na hapo hupita Mto Kuja, ambao sehemu zake za juu huitwa Gucha. Hupokea maji ya Mto Migori, kisha ukaenda kumwagika ziwani ndani ya eneo la Nyatike. Mvua zikizidi mto hufurika, ukazifunika shamba za tambarare. Zikikatika, watu hutafuta maji kwa punda na madumu.

Jina la Macalder ni la kigeni, na lilikuja na mgodi. Tangu miaka ya 1930 hapa palichimbwa shaba, dhahabu na fedha, na kampuni ya Macalder-Nyanza ikaendesha kazi hiyo mpaka mwaka 1966, mgodi ulipofungwa. Kampuni iliondoka, makapi ya mawe yaliyosagwa yakabaki, na dhahabu iliyosalia ardhini ikabaki na wenyewe. Leo wanaoitafuta ni wachimbaji wadogo, wanaume kwa wanawake, kwa sururu, kamba, na mashine za kusaga mawe ambazo mlio wake hausiti mchana kutwa. Sheria ya Madini ya mwaka 2016 iliwatambua wachimbaji wa namna hii, baada ya miaka mingi ya kufanya kazi pasipo kutambuliwa.

Ni lazima tueleze kidogo jinsi dhahabu inavyopatikana, maana bila hilo habari ya chakula chetu haitaeleweka. Jiwe husagwa likawa unga. Unga huo humiminiwa maji juu ya ubao ulioinama, uliotandikwa magunia au vitambaa, na chembe nzito zikanaswa humo. Kisha hukung'utwa ndani ya beseni na kutiwa zebaki, ile madini ing'aayo kama fedha na kuteleza kama maji. Mtu huikanda kwa mikono. Zebaki huishika dhahabu, ikawa donge. Donge hukamuliwa kwa kitambaa, kisha likatiwa motoni. Zebaki hupaa ikawa mvuke, dhahabu ikabaki. Kazi ya kuosha na kukanda mara nyingi hufanywa na wanawake. Na kazi ya kuchoma, kwa kuwa dhahabu ni mali na mali huibiwa, mara nyingi hufanywa nyumbani, juu ya jiko lile lile la kupikia.

Chakula kisichopikwa

Wenyeji wetu walikuwa familia ya Kijaluo iliyosilimu zamani, baba na mama watu wazima, na binti yao aliyeolewa jirani. Binti huyo alikuwa amefanya kazi za nyumbani katika nchi za Ghuba kwa miaka miwili. Alirudi na akiba ndogo, Kiarabu cha sokoni, na ujuzi wa mapishi ambayo mama yake hakuwa ameyaona. Moja ni mikunjo ya mboga mbichi, ile ambayo wengi wetu huiita springi roli.

Sisi huku Pwani twaijua ile iliyokaangwa, ndugu yake sambusa. Aliyoileta binti huyu haiingii kwenye mafuta kabisa. Asili yake ni Vietnam, ambako mboga mbichi na majani ya kunukia hukunjwa ndani ya manda nyembamba ya mchele iliyoloweshwa, mpaka rangi za karoti na nanaa zikaonekana kwa ndani. Hudumbukizwa ndani ya mchuzi wa njugu. Ni chakula chepesi, kinachofaa nchi ya joto, na Macalder ni nchi ya joto.

Manda ya mchele haiuzwi Macalder. Pakiti chache alizorudi nazo zilikwisha, naye akabaki akijiuliza afanyeje. Mama watoto wetu akamwambia, "Mwanangu, kwani hukufunzwa chapati za maji?" Wakaingia jikoni. Sisi wanaume tuliketi chini ya mwembe uani, na yote yanayofuata tuliyasikia kwa masikio na kuyathibitisha kwa tumbo.

Kwa mikunjo 12 walichukua unga wa ngano vikombe 2, mayai 2, maji vikombe 3 kasorobo, chumvi nusu kijiko cha chai, na mafuta kijiko 1 cha mezani. Waliukoroga mpaka madonge yakaisha, wakauacha utulie nusu saa ili chapati zisikatike zinapokunjwa. Kaango pana lilipashwa na kupakwa mafuta kidogo, ukamiminwa upawa mmoja na kaango likazungushwa ili uji utandae. Ukingo ukianza kuachana na kaango, chapati hugeuzwa, ikakaa kitambo kidogo tu, ikatolewa. Kila iliyoiva iliwekwa juu ya mwenziwe chini ya kitambaa safi, ili mvuke uzilainishe. Chapati iliyokauka hupasuka mkononi.

Za ndani zilikuwa karoti 3, tango 1 lililotolewa mbegu, pilipili hoho 1, robo ya kabichi, embe bichi 1, na konzi moja ya dania na nanaa. Vyote vilikatwa vijiti vyembamba vya urefu wa kidole. Kabichi ilinyunyiziwa chumvi, ikaachwa dakika 10, ikakamuliwa, kwa kuwa maji ya kabichi na ya tango ndiyo yanayoharibu mkunjo. Mama mwenyeji hakuridhika na chakula kisichokuwa na mboga ya kwao. Akaleta mgagani, ambao Wajaluo huuita dek, ukachemshwa kupunguza uchungu, ukakamuliwa na kukatwakatwa. Nasi twashuhudia kwamba ule uchungu kidogo, ukikutana na ukali wa embe, ndio uliokipa chakula kile uenyeji wake.

Mchuzi haukuhitaji kitu cha kutoka mbali. Mikwaju imejaa kule, nao huiita chwaa, na njugu ni zao la nchi ile. Ukwaju wa kiasi cha yai uliloweshwa katika nusu kikombe cha maji ya moto, ukafikichwa na kuchujwa. Zikatiwa njugu zilizokaangwa na kutwangwa, nusu kikombe, pamoja na sukari kijiko kimoja cha mezani, chumvi, na pilipili ya kupondwa.

Kukunja ni kazi ya mkono mtulivu. Weka mboga kiasi cha vidole vitatu karibu na ukingo ulio upande wako, funika mara moja, ingiza ncha za kushoto na kulia ndani, kisha viringisha ukibana taratibu. Ukijaza kwa tamaa utapasuka.

Beseni la buluu

Kabla ya hayo yote palikuwa na jambo la kuosha mboga, nalo ndilo lililotufanya tuandike makala haya.

Binti alimtuma mdogo wake alete beseni. Mtoto akaliteremsha la buluu lililokuwa limetundikwa ukutani. Mama mwenyeji akapaza sauti kwa Kijaluo, na binti akatufasiria: "Si hilo! Hilo ni la mchanga." Yaani la kuoshea dhahabu. Mtoto akajitetea kwamba amelisugua kwa sabuni mpaka likang'aa. Hapo mama akatoka mpaka mlangoni, akatuelekea kwa adabu, akauliza, "Maalim, beseni likioshwa mara saba si limetoharika? Mbona nesi wa zahanati anatukataza kulitumia hata tukiliosha?"

Wasomaji wetu, swali hili ni zito kuliko linavyosikika. Tumezoea kuuliza jambo moja tu kuhusu chombo: je, ni najisi? Likishajibiwa hilo, tumetosheka. Lakini wanazuoni wa fiqhi, wa madhehebu yetu ya Shafii wakiwamo, wamepambanua baina ya najisi na chenye madhara. Kitu chaweza kuwa tohara na bado kikawa haramu kuliwa. Udongo ni tohara, tunatayamamu kwao, wala hatuutii katika sahani za watoto wetu. Sumu ya mmea ni tohara, na kuila ni haramu. Zebaki si najisi. Beseni lile halikuhitaji mara saba ili mtu aswali karibu nalo. Ila kuosha mara saba ni hukumu ya jambo jingine, wala haikuwekwa kuwa dawa ya sumu iliyojificha katika mikwaruzo ya plastiki. Tukamjibu, "Mama, nesi amesema kweli. Beseni ni tohara, na mboga isiingie humo."

Mama akaendelea: "Basi tuzipike mboga hizo, moto utaitoa." Na hapa, ndugu zetu, ndipo penye shina la jambo. Sote tumelelewa kuamini kwamba moto husafisha. Maji yasiyoaminika tunayachemsha, nyama tunaiivisha, na tunafanya vyema, kwa kuwa vijidudu vya kipindupindu na vya kuhara hufa kwa moto. Lakini zebaki haifi. Moto unaosafisha maji ndio uo huo unaoigeuza zebaki kuwa hewa. Mvuke wake hauna rangi wala harufu. Huingia mapafuni, ukashika damu, ukafika kwenye ubongo. Anayeuvuta kwa muda hutetemeka mikono, hukosa usingizi, husahau. Sehemu nyingine hutua juu ya kuta, mabati, nguo na vyungu vya jikoni. Na kwa mama mjamzito hupenya kondo, ukamfikia aliye tumboni.

Binti yule alikuwa na mimba ya miezi mitano. Na mumewe, kijana mpole aliyekuwa ameketi nasi chini ya mwembe, alikuwa akiichoma dhahabu yake juu ya jiko la mkewe.

Riziki na madhara

Kijana hakukasirika. Aliuliza swali la mwenye kutafuta haki: "Maalim, je, pesa hizi ni haramu?"

Tulimwambia kwamba dhahabu aliyoitoa ardhini kwa jasho lake ni halali, na kutafuta riziki ya watu wake ni ibada. Kilicho na kasoro ni njia, kwa sababu sheria yetu haikubali mtu ajidhuru wala amdhuru mwenzake, na aliye tumboni ana haki kabla hajapewa jina. Qur'ani Tukufu, katika Surat al-Baqara aya ya 168, imeamrisha watu wale kilicho halali na kilicho kizuri, sifa mbili pamoja. Sisi mara nyingi tunaishika ya kwanza tukaiacha ya pili njiani.

Tulimweleza pia habari ya Minamata. Huo ni mji wa pwani ya Japani ambako kiwanda kilimwaga taka zenye zebaki baharini. Samaki wakala, watu wakala samaki, na mwaka 1956 maradhi yakatambuliwa. Walikuwapo mama ambao wao wenyewe hawakuonekana wagonjwa sana, na watoto waliowazaa wakawa na ulemavu mkubwa. Kwa jina la mji huo mataifa yalifanya mkataba mwaka 2013, ukaanza kutumika mwaka 2017, na Kenya ikauridhia mwaka 2023. Miongoni mwa mambo unayotaka yakomeshwe ni kuchoma zebaki hadharani, na kuichoma katika makazi ya watu.

Kijana akasema atakwenda kuchomea mbali na nyumba. Tulimwambia hiyo ni hatua, nayo ina ujira, lakini upepo hauna ukuta na jirani naye ana watoto. Viko vifaa vya chuma vilivyofungwa, vyenye bomba linalounasa mvuke na kuurudisha kuwa zebaki. Gharama yake ikigawanywa na watu kumi wa kundi moja haimwelemei mmoja. Alisema mnunuzi wa dhahabu hangoji, na wenzake watamcheka. Hatukuwa na jawabu la kumfanya mnunuzi angoje. Tulimwomba alizungumze jambo hilo na wenzake baada ya swala ya Ijumaa, na imamu wa pale akakubali kuwa naye. Siku ya tatu tuliona jiko jipya la makaa jikoni mwa binti, na lile la zamani limepelekwa machimboni, lisirudi tena nyumbani. Hilo ni dogo kwa mwenye kutazama kwa mbali. Kwa aliye tumboni si dogo.

Binti mwenyewe alikuwa ameshaacha kuosha mchanga. Mikunjo ile ya mboga ndiyo aliyoikusudia iwe kazi yake mpya, awauzie wachimbaji wakati wa mchana, miwili kwa shilingi 50. Mama watoto wetu alimpa nasaha moja ya biashara: asikunje mapema. Abebe chapati ndani ya kitambaa, mboga ndani ya chombo chenye kifuniko, mchuzi ndani ya chupa, na akunje mteja anapoagiza. Chakula kibichi katika joto kama lile hakifai kukaa zaidi ya saa moja baada ya kukunjwa. Na wachimbaji wanawe mikono kwa maji ya kumiminwa na sabuni kabla ya kupokea, kwa kuwa mikono ile ndiyo iliyokanda zebaki.

Kwetu sisi wa Pwani

Pengine msomaji wa Mombasa, Lamu au Malindi atasema: sisi hatuna machimbo. Ni kweli. Lakini chakula kibichi huingia kila nyumba, nacho ni amana kuliko kilichopikwa, kwa sababu hakina moto wa kuficha uzembe wetu. Kachumbari, saladi na mikunjo hii husimama juu ya maji, mikono na vyombo. Zioshe mboga kwanza kwa maji yanayotiririka ili mchanga utoke. Kisha zisuuze kwa maji yaliyochemshwa na kupoa, au yaliyotiwa dawa ya klorini kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa. Kibao cha kukatia nyama kisikatiwe tango. Beseni la kufulia, la kuchanganyia rangi au dawa ya kuua wadudu lisije jikoni hata likisuguliwa likang'aa.

Na zebaki nayo imo majumbani mwetu bila kuitwa jina lake. Baadhi ya krimu za kung'arisha ngozi zinazouzwa kwa siri hutiwa zebaki, na mkataba ule ule wa Minamata umezikataza. Mama akijipaka, kisha akamkanda mtoto au akakanda unga, amefanya lile lile tulilolisikitikia Macalder. Dada zetu, ngozi aliyowapa Mola ni njema, wala haihitaji sumu.

Ramadhani ikija, insha'Allah, ijaribuni mikunjo hii kwenye futari badala ya moja ya vile vya kukaangwa. Mtaona tumbo linavyoshukuru wakati wa tarawehe. Mkishapanga sahani, waombeeni dua ndugu zenu wa kule Nyatike, wanaotafuta riziki ndani ya mawe. Na ye yote mwenye jamaa machimboni, iwe Macalder, Kakamega au Geita, ampelekee ujumbe mmoja: jiko la kupikia lisichome dhahabu.

Mola aziruzuku nyumba zetu kilicho halali na kilicho kizuri kwa pamoja, awahifadhi mama waja wazito na walio matumboni mwao, na awafungulie wachimbaji njia ya riziki isiyowadhuru. Amin.

Wabillahi tawfiq.